Kurekodi, kwenda laivu, au kuitengenezea skrini: msanii achague lipi?

Wachoraji na wachongaji wanaponifuata kuuliza habari za kamera, mara nyingi vifaa wanavyo tayari. Simu ipo, stendi ipo, na kijana wa kushika taa kapatikana. Kinachowakwamisha ni uamuzi: kazi irushwe mubashara, au irekodiwe, ihaririwe, ndipo itolewe? Wengi huishia laivu kwa kuwa ndiyo nyepesi. Unabonyeza, watu wanaingia, salamu zinamiminika, "tupo pamoja kaka", na unajiona tayari una hadhira. Mimi huwarudishia swali: mtu akiiona kazi hii kesho badala ya leo, atakuwa amekosa nini? Asipokosa kitu, rekodi. Ikiwa kuna atakachokosa, na unaweza kukitaja, hapo laivu ina sababu. Na ipo njia ya tatu ambayo kwetu haijazoeleka sana: kutengeneza kazi ambayo skrini ndiyo turubai yake, kiasi kwamba ukiizima runinga, kazi nayo haipo.

Hakuna kati ya hizi iliyozaliwa na simu janja. Watu wenye kamera za filamu, mitambo ya studio na setilaiti walishazijaribu zote tangu miaka ya 1960, kwa pesa nyingi kuliko tulizonazo sisi. Tuna pa kujifunzia bure.

Kurekodi

Mwaka 1967 kituo cha BBC2 cha Uingereza kilianza kurusha picha za rangi. David Attenborough, aliyekuwa mkuu wa kituo hicho, alitaka kipindi kitakachoonyesha rangi hizo zinaweza nini, na mwaka 1969 ukatoka mfululizo wa sehemu 13 wa mwanahistoria wa sanaa Kenneth Clark, uliopigwa kwa filamu ya milimita 35. Kwa mtazamaji ilikuwa neema. Kamera ilisogea hadi karibu na michoro ya darini ambayo mgeni wa kawaida huitazama shingo ikimuuma, ikatulia pale, ikamwacha aone kilichochorwa. Cha kuchekesha ni kwamba nyumba nyingi za Uingereza wakati huo bado zilikuwa na seti za nyeusi na nyeupe, kwa hiyo kipindi kilichotengenezwa kwa ajili ya rangi wengi walikitazama kijivu.

Kuna kitu kikubwa zaidi ya rangi ambacho runinga hukila, nacho ni ukubwa. "Guernica" ya Picasso ina upana wa karibu mita 7.8 na kimo cha karibu mita 3.5; ukisimama mbele yake inakubidi utembee ili uimalize. Mchoro wa Vermeer wa msichana anayefuma lesi, ulioko Louvre, una kimo cha sentimita 24 hivi, mdogo kuliko karatasi ya A4. Vikipita kwenye runinga vinakuwa sawa. Cha kwanza kinapoteza ukuu wake, cha pili kinapoteza ule ukaribu unaomlazimu mtu kuinama. Ndiyo maana mchoraji wa picha za ukutani anayerekodi kazi yake bila kumweka mtu hata mmoja ndani ya fremu huwa ameitupa nusu ya kazi. Mpitishe mtoto na baiskeli mbele ya ukuta, sekunde tano tu. Mtazamaji atapata kipimo bila kuambiwa.

Mwaka 1972, kituo kilekile, mwandishi na mkosoaji wa sanaa John Berger alirusha vipindi 4 vilivyosomeka kama jibu kwa Clark. Cha kwanza kinaanza yeye akiwa na kisu mbele ya mchoro wa Botticelli, anakata uso wa mwanamke na kuutoa. Ilikuwa nakala, bila shaka, lakini moyo unashtuka. Hoja yake: kamera hufanya hivyohivyo kila siku. Hukata kipande cha picha, ikakiweka kando ya kipande kingine, ikatandika muziki na maneno juu yake, na mtazamaji akaondoka akidhani ameiona picha. Ukitaka kuhakikisha, chukua mchoro wa jahazi baharini. Uwekee udi na fidla za taarabu, kila mtu ataona pwani ya zamani na hamu ya kurudi nyumbani. Ondoa muziki, weka sauti ya upepo na kamba inayolia, na jahazi hilohilo linakuwa hatarini. Basi ukirekodi, jua kwamba sauti utakayoiweka imegandishwa kwenye kazi yako. Mimi napendelea sauti ya mahali pale penyewe: brashi, feni, muuza maji anayepita nje. Muziki wa kupakua mtandaoni umeziua video nyingi nzuri.

Faida kubwa ya kurekodi, ambayo watu huisahau, ni kwamba inakupa nafasi ya kuandaa. Hapa sina mfano mzuri kuliko Bob Ross. Kuanzia mwaka 1983 hadi 1994 Mmarekani huyu mwenye nywele za afro alichora mbele ya kamera katika vipindi 403 vya nusu saa vilivyorushwa na vituo vya umma vya Marekani, vingi vikirekodiwa katika mji wa Muncie, jimbo la Indiana. Kila kipindi, mchoro mmoja, kuanzia turubai tupu hadi mlima, miti na ziwa. Ukitazama unadhani anabuni hapohapo. Kumbe kwa kila kipindi alichora picha tatu: ya kwanza kabla, ikakaa pembeni nje ya kamera akawa anaiangalia; ya pili ndiyo uliyoiona; ya tatu baadaye, kwa utulivu, kwa ajili ya vitabu vya mafunzo.

Na tazama jinsi muda wa runinga ulivyoingia hadi kwenye rangi yenyewe. Rangi ya mafuta ya kawaida hukauka kwa siku kadhaa, na mchoraji wa jadi husubiri tabaka moja likauke ndipo aweke jingine. Nusu saa haisubiri. Ross alitumia njia ya kuweka rangi mbichi juu ya rangi mbichi: anaipaka turubai nzima rangi nyeupe nyepesi ya mafuta, kisha zinazofuata zinachanganyika humohumo juu ya turubai. Njia hiyo ilikuwepo karne nyingi kabla ya runinga, lakini ratiba ya kituo ndiyo iliyoifanya iwe ya lazima. Mawingu laini, milima iliyopakwa kwa kisu, ukungu chini ya miti: kila kimoja kinatoka kwenye rangi ambayo haijakauka. Kitu ambacho hakitoki vizuri kwa njia hiyo, kama uso wa mtu wenye mistari myembamba, karibu hukioni kwenye kazi zake za runinga. Ukiamua kurekodi mafunzo ya kuchora, chagua mtindo unaomalizika ndani ya muda wa kipindi, au tayarisha hatua tatu za mchoro uleule kwenye turubai tatu kama wapishi wa kwenye runinga wanavyotoa keki nyingine iliyokwisha kuiva.

Sasa mambo ya kwetu, kwa sababu kamera haina huruma na mitindo yetu. Edward Saidi Tingatinga, aliyefariki mwaka 1972, na vijana waliomfuata walichora kwa rangi ya kung'aa juu ya hadibodi na kuuza kando ya barabara Oyster Bay, Dar es Salaam. Tanzania Bara ilikuwa haina kituo cha televisheni. Ya kwanza ilianza mwaka 1994, ingawa Zanzibar walishakuwa na runinga ya rangi tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970. Michoro ile ilitengenezwa kwa jicho la mtu aliyesimama hatua mbili mbele yake, anayeweza kusogeza kichwa mng'ao ukimchoma. Kamera iliyo kwenye stendi haisogezi kichwa. Taa ikiwa nyuma ya kamera, utapata doa jeupe katikati ya tembo. Weka taa mbili ubavuni, moja kila upande, zikiangukia picha kwa mshazari wa nyuzi 45 hivi, na utundike kitambaa cheusi nyuma ya kamera ili mchoro usiakisi shati lako.

Jambo la pili ni vitone vya michoro hiyo. Runinga ya kidijitali na video za mtandaoni huokoa nafasi kwa kupunguza taarifa za rangi: kwa kila nukta nne za mwangaza, hubebwa kipimo kimoja tu cha rangi. Jicho halishtuki likitazama uso au anga. Lakini vitone vidogo vyekundu kwenye manyoya ya ndege wa bluu hupakazana kingo. Kamera ikitembea juu yake mambo huwa mabaya zaidi, video inavunjika vipande vya miraba. Kwa picha za aina hiyo usitembeze kamera. Piga picha nzima ikiwa imetulia, kata, piga kipande kwa karibu kikiwa kimetulia. Na mchonga mpingo naye ana shida yake: simu ikiona kitu cheusi hudhani kuna giza, inaongeza mwanga, na mpingo unageuka kijivu kama saruji. Bonyeza skrini kwa sekunde chache hadi mwanga ujifunge, kisha uushushe kwa kidole hadi weusi urudi. Hilo linachukua muda mfupi kuliko kumweleza mteja wa Hamburg kwamba mpingo kwa kweli ni mweusi.

Kuitengenezea skrini

Njia hii inahitaji kichwa zaidi ya fedha, na kwa maoni yangu ndiyo yenye uwanja mpana zaidi kwa vijana, kwa hiyo nitakaa hapa kidogo.

Machi 1963, Nam June Paik, mzaliwa wa Seoul aliyekuwa akiishi Ujerumani Magharibi, alifungua maonyesho yake ya kwanza ya peke yake katika nyumba ya sanaa mjini Wuppertal. Kulikuwa na seti za runinga zilizochezewa ndani. Maonyesho yalifunguliwa saa moja na nusu jioni hadi saa tatu na nusu usiku, kwa sababu chaneli iliyokuwepo ilirusha matangazo jioni, na bila matangazo seti zake hazikuwa na cha kuharibu. Fikiria jumba la sanaa linalofuata ratiba ya kituo cha televisheni! Seti moja iliharibika njiani ikawa inaonyesha mstari mmoja tu mweupe. Mwingine angeirudisha kwa fundi. Paik aliilaza ubavu ili mstari usimame wima, akaipa jina, ikawa kazi.

Miaka miwili baadaye aliweka sumaku kubwa yenye umbo la kwato juu ya runinga. Seti za zamani zilichora picha kwa miale ya elektroni iliyoelekezwa kwa nguvu za sumaku ndani ya bomba la kioo. Sumaku ya nje ikija, miale inapotea njia, na habari za jioni zinakuwa maua yanayozunguka. Mtazamaji aliyekuwa amezoea kupokea tu sasa angeweza kusogeza sumaku na kubadilisha picha kwa mkono wake.

Paik aliishughulikia seti. Mjerumani Gerry Schum aliyashughulikia matangazo. Aprili 15, 1969, usiku, kituo cha Berlin Magharibi kilirusha kipindi chake cha kazi za wasanii wanane zilizofanywa kwenye ardhi, bila msimulizi kueleza chochote. Hebu tuitazame moja kwa karibu, ya Mholanzi Jan Dibbets. Ufukweni, trekta inachora mistari mchangani. Ukisimama pale pwani ungeona umbo limepindapinda, upande wa mbali ni mrefu mno kuliko wa karibu. Lakini Dibbets alishapiga hesabu ya lenzi. Kwenye runinga umbo lile linanyooka, linakuwa mstatili kamili unaolingana na kingo za skrini, kana kwamba trekta imechora fremu ya runinga kwa ndani. Halafu maji yanajaa, yanafuta. Aliyekuwa ufukweni hakuiona kazi; aliyekuwa sebuleni ndiye aliyeiona. Huo ndio mfano ninaowapa watu wanaodai kwamba skrini siku zote ni nakala hafifu ya kitu halisi.

Desemba mwaka huohuo Dibbets alifanya jambo jepesi zaidi. Kuanzia tarehe 24 hadi 31, kituo cha WDR cha Cologne kilimalizia matangazo ya kila usiku kwa dakika chache za moto unaowaka, skrini nzima. Usiku wa kwanza unawashwa, wa mwisho unazimika. Runinga ikawa meko ya nyumba. Oktoba kabla ya hapo, kituo hichohicho kilikatiza vipindi vyake kwa sekunde chache kila jioni na kuonyesha picha mbilimbili za mfululizo wa Mwingereza Keith Arnatt, akiwa amesimama na kuzama ardhini kidogo kidogo, bila tangazo wala maelezo. Na mwaka 1971, David Hall alipenyeza kazi zake fupi kwenye Scottish Television. Katika moja, bomba la maji linafunguliwa na skrini inaonekana kujaa maji kama tangi la samaki.

Mafanikio ya kazi hizi yalitegemea kitu ambacho leo hatunacho: mtazamaji asiyekuwa na chaneli za kutosha kukimbilia. Ukimkatiza mtu wa TikTok, anapandisha kidole, umekwisha. Kwa hiyo usiige mshtuko wao. Iga hesabu yao. Dibbets alijua umbo la skrini ya wakati wake, lenye uwiano wa nne kwa tatu, akalifanya kuwa sehemu ya kazi. Skrini ya wakati wetu imesimama wima, tisa kwa kumi na sita, nyembamba kama mlango ulioachwa nusu. Kanga ni pana. Mnazi ni mrefu. Kipi kinafaa humo? Maandishi ya jina la kanga lenyewe, yakipita polepole herufi kwa herufi, yanafaa kuliko kanga nzima iliyobanwa kwenye kamstari katikati na weusi juu na chini.

Bei ya njia hii hulipwa baadaye. Kazi iliyotengenezwa kwa mtambo huzeeka na mtambo. Mnara wa Paik wa mwaka 1988, wenye seti 1,003, katika Makumbusho ya Taifa ya Sanaa za Kisasa huko Gwacheon, Korea Kusini, ulizimwa mwaka 2018 kwa sababu za usalama, na ukawashwa tena mwaka 2022 baada ya matengenezo marefu. Seti 737 zilifufuliwa zikiwa na mabomba yaleyale ya zamani, 266 zikabadilishwa na paneli bapa. Je, bado ni kazi ileile? Wahifadhi wamebishana sana, na Paik, aliyefariki mwaka 2006, hakuwepo kuamua. Wewe amua ungali hai: andika kwenye karatasi kama kazi yako inaruhusiwa kuhamia skrini nyingine, na kipi hakiruhusiwi kubadilika.

Laivu

Laivu ina sifa kubwa kuliko inavyostahili. Tuanze na mfano mtamu wa mwaka 1984.

Januari mosi ya mwaka huo Paik aliunganisha studio ya New York na Kituo cha Pompidou mjini Paris kwa setilaiti, matangazo yakipokelewa pia Ujerumani na Korea Kusini. Jina la kipindi lilimsalimia George Orwell, ambaye riwaya yake iliuchora mwaka ule kuwa mwaka wa runinga inayowachungulia watu majumbani. Walikuwemo wanamuziki John Cage na Laurie Anderson, mcheza dansi Merce Cunningham, msanii Joseph Beuys na wengine. New York ilikuwa saa sita mchana, Paris saa kumi na mbili jioni, na Seoul tayari saa nane usiku wa kuamkia tarehe 2. Nairobi na Dar es Salaam ingekuwa saa mbili usiku. Mawasiliano yalikatika, watangazaji wakababaika, picha zikakawia. Setilaiti ya aina ile hukaa kilomita karibu 36,000 juu ya ikweta, kwa hiyo safari ya kupanda na kushuka peke yake hula robo ya sekunde, na mtu akijibu, robo nyingine. Kwa mcheza dansi anayemfuata mwenzake wa ng'ambo, nusu sekunde ni hatua nzima.

Ukiitazama leo kama rekodi inachosha sehemu kadhaa, nasema kweli. Thamani yake ilikuwa pale, siku ileile, watu wa mabara matatu wakijua kwamba wanatazama kitu kimoja na kwamba kinaweza kuharibika wakati wowote. Hicho ndicho ambacho mtu wa kesho anakikosa.

Mfano ulio bora zaidi kwangu ni wa Novemba 1980, na haukuwa na mastaa. Wasanii Kit Galloway na Sherrie Rabinowitz waliweka skrini kubwa mbili, moja kwenye kituo cha sanaa cha Lincoln Center, New York, nyingine kwenye dirisha la duka kubwa huko Century City, Los Angeles, zikiunganishwa kwa setilaiti na sauti. Watu walionekana kwa ukubwa wao halisi, kichwa hadi miguu. Hapakuwa na bango, maelezo, wala jina la mdhamini. Wapita njia wa kwanza walisimama wakishangaa hawa ni akina nani na wako wapi. Kazi ilidumu jioni tatu. Kufikia ya tatu habari zilishasambaa, na ndugu waliotengana miaka walikuwa wamepanga kukutana pale, mmoja kando ya Pasifiki, mwingine kando ya Atlantiki. Angalia tena suala la ukubwa: simu ya video ya leo ina picha safi kuliko ile, lakini humwoni mama yako kwa kimo chake, amesimama mbele yako barabarani. Kwa familia iliyogawanyika kati ya Mombasa na Muscat kazi kama hii ingekuwa na maana leo vilevile, na vifaa vyake, projekta mbili na intaneti nzuri, si vya kutisha.

Mwaka 2010, msanii Marina Abramović alikaa kitini katika jumba la sanaa za kisasa la MoMA, New York, kuanzia Machi 14 hadi Mei 31, saa zote za jumba kuwa wazi, akitazamana kimya na yeyote aliyekuja kukaa mbele yake. Jumba likaweka kamera na kurusha kwenye tovuti. Aliyekaa kitini alipata macho ya msanii. Aliyetazama mtandaoni hakuyapata, ila alipata kitu kingine: angeweza kufungua asubuhi, kwenda kazini, kufungua tena jioni na kumkuta bado yupo. Kurekodi kusingempa hilo, kwa kuwa rekodi ya saa mamia hakuna anayeitazama.

Sasa linganisha na Agosti 14, 2017, ambapo majumba matano yenye michoro ya alizeti ya Van Gogh, ya London, Amsterdam, Munich, Philadelphia na Tokyo, yalipokezana mubashara kwenye Facebook, kila moja likieleza mchoro wake. Wazo zuri, maana michoro ile haiwezi kukutanishwa kirahisi chumba kimoja. Lakini alizeti haziondoki. Zingerekodiwa zote tano, kwa taa sawa, zikawekwa moja ubavuni pa nyingine, mtazamaji angeziona vizuri zaidi. Laivu hapo ilileta msisimko wa tukio; picha yenyewe haikufaidika. Ukitaka kuona picha iliyofaidika, tazama Rijksmuseum ya Amsterdam ilichofanya kwa "Ulinzi wa Usiku" wa Rembrandt: mwaka 2022 ilitoa mtandaoni picha tulivu ya nukta bilioni 717, ambayo unaikuza hadi uone nyufa za rangi na chembe zake. Hapo unasogea karibu kuliko mlinzi wa jumba angekuruhusu.

Laivu kwa simu ina gharama zake za kienyeji. Ukirusha kwa kasi ya megabiti 3 kwa sekunde, saa moja inakula takriban gigabaiti 1.35 za bando, na hiyo ni kupandisha tu, ambako mtandao wetu huwa dhaifu. Halafu mtambo unaobana video ya laivu hauna muda wa kuiangalia mara mbili kama wa kurekodi, kwa hiyo vile vitone tulivyovisema vinateseka zaidi. Na maoni ya watazamaji yanachelewa sekunde kadhaa: ukiuliza "niweke bluu au kijani?", jibu likifika brashi imeshapita.

Ungekuwa wewe

Mchoraji wa Tingatinga anayetafuta wanunuzi, arekodi, bila kusita. Mchongaji pia, na sanamu izunguke juu ya kibao taratibu, kamera ikitulia. Mpakaji hina wa Zanzibar au Lamu ana hali ya katikati: mistari yake inachorwa mara moja na haifutiki kirahisi, na hofu hiyo inavutia ikiwa laivu, lakini rangi halisi hutokea hina ikishabanduliwa, baada ya saa nyingi. Kwa hiyo laivu ya kuchora, kisha picha ya kesho yake ya mkono uliokolea.

Msanii wa maigizo ya mwili, au yeyote ambaye hadhira inabadilisha kinachotokea, aende laivu, akiwa na kamera ya pili inayorekodi kwa ubora kamili bila kutegemea mtandao. Msanii wa ukuta wa mtaani asiende laivu siku nzima. Hakuna atakayekaa saa sita kukutazama ukipandisha ngazi. Aweke simu ya zamani juu ya paa la jirani, ipige picha moja kila dakika.

Mwenye mawazo mengi na fedha kidogo aende njia ya Dibbets. Sekunde 40 zilizopigiwa hesabu ya skrini zinashinda saa mbili za "karibuni sana wapendwa".

Jambo la nakala lisiachwe hadi mwisho, ingawa nimeliacha. Vituo vya televisheni vya zamani, BBC ikiwemo, vilifuta kanda nyingi na kuzitumia tena kwa sababu kanda zilikuwa ghali. Majukwaa ya leo huondoa au kubana zaidi rekodi ya laivu yanapotaka. Ukialikwa kituoni, kubalianeni kwa maandishi kabla ya kamera kuwashwa kwamba utapewa faili ghafi, na kituo kinaruhusiwa kuirusha mara ngapi. Ukirusha mwenyewe, ihifadhi sehemu mbili siku hiyohiyo, na jina la faili liwe na jina la kazi, vipimo vyake kwa sentimita, na mwaka.